Wasimamizi Wakuu Mia Mbili na Kumi na Wanne

Nchi ninayoisimulia hapa sitaitaja jina, kwa sababu nilipoanza kuandika jina lake lilikuwa linahaririwa, na mpaka leo halijaidhinishwa. Niseme tu kwamba ni nchi ya amani, yenye mlima mmoja, mto mmoja na tovuti moja. Mlima na mto ni kazi ya Mungu. Tovuti ni kazi ya Wizara ya Taarifa Sahihi, na kati ya vitu hivyo vitatu ndiyo peke yake iliyozinduliwa kwa ngoma.

Mimi ni raia mwema na sina ugomvi na tovuti. Nasimulia yaliyompata mwanamke mmoja aliyeitwa Siwatu Mkangara, ambaye kwa miaka kumi na minne alikuwa fundi wa tovuti hiyo. Kama kuna mahali nitaonekana kama nalaumu mtu, msomaji anisamehe, ni udhaifu wa kalamu.

Kwanza ni lazima niieleze Sheria ya Chanzo Kimoja. Sheria hiyo ilisema kwamba jambo lililoandikwa kwenye Tovuti ya Taifa ni taarifa, na jambo lisiloandikwa humo ni uvumi. Ilipitishwa kwa nia njema, ili wananchi wasihangaike kujua mambo kutoka sehemu nyingi. Mvua ikinyesha kabla haijatangazwa, watu walitakiwa kuiita unyevu. Mtu mmoja wa kaskazini alitangaza kifo cha baba yake kabla Idara ya Vizazi na Vifo haijakipandisha tovutini, akakaa rumande siku nne. Mzee akazikwa bila yeye. Alipotoka alishukuru kwamba angalau sasa kifo kilikuwa kimethibitishwa.

Siwatu ndiye aliyekuwa anavipandisha vitu hivyo vyote. Alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na mmoja, mpole, mwenye tabia ya kusoma sentensi mara mbili kabla ya kuichapisha. Kazi alifundishwa na Mzee Songoro, aliyeijenga tovuti kwa mikono yake, na mzee huyo alipofariki Siwatu akabaki peke yake kwenye chumba cha ghorofa ya pili, yeye na kompyuta tatu na feni.

Tovuti ile, kama nyingine nyingi, ilikuwa na watumiaji wa ngazi tano. Msomaji anasoma tu. Mchangiaji anaandika rasimu, lakini hawezi kuichapisha. Mwandishi anachapisha alichoandika mwenyewe. Mhariri anarekebisha kilichoandikwa na yeyote. Msimamizi Mkuu anaweza yote hayo, na pia anaweza kuwapandisha wengine ngazi na kuwashusha. Kila mtu huingia kwa jina lake na neno lake la siri, na mfumo humpa kile ambacho ngazi yake inaruhusu. Siwatu alikuwa Msimamizi Mkuu. Waziri alikuwa Msomaji, kwa kuwa kusoma ndiyo kazi pekee aliyowahi kuifanya humo, na hata hiyo si mara nyingi.

Mambo yalikwenda hivyo bila ubaya mpaka Jumatatu moja Waziri alipofanya ziara ya kushtukiza, iliyotangazwa wiki mbili kabla. Mheshimiwa Chambuso alikuwa mtu mnene wa sauti laini. Akasimama nyuma ya kiti cha Siwatu, pamoja na Mkurugenzi Nsemwa na wapiga picha watatu, akaangalia skrini iliyokuwa na orodha ya watumiaji.

"Huyu Siwatu wa hapo juu ni nani?"

"Ni mimi, Mheshimiwa."

"Na mimi niko wapi?"

Siwatu akateremka na orodha, akateremka tena. "Huku, Mheshimiwa. Msomaji."

Waziri akainama kuelekea kwenye skrini. "Kwa hiyo katika nchi hii mimi nasoma unachosimamia wewe."

"Ni majina ya kazi tu, Mheshimiwa. Ni kama kusema nani anashika ufunguo wa stoo."

"Naam. Na stoo ni ya nani?"

Wapiga picha wakashusha kamera zao kwa heshima.

Wiki hiyo hiyo ulitoka Waraka Namba Tisa, ulioagiza kwamba ngazi za tovuti zifuate itifaki ya taifa. Mawaziri wote wakawa Wasimamizi Wakuu. Naibu mawaziri wakauliza kama wao ni watoto wa kambo, nao wakawa. Makatibu wakuu wakafuata, kisha majaji, kisha wakuu wa mikoa, kisha maofisa wa jeshi kuanzia brigedia, kisha brigedia wastaafu, kwa sababu kustaafu si kushushwa cheo. Mabalozi waliandika barua kutoka nje. Mke wa Spika hakuandika barua, alikuja mwenyewe. Baada ya wiki tatu walikuwa mia mbili na kumi na wanne. Madereva wao walipewa ngazi ya Mhariri, na mama aliyekuwa akipika chai ghorofa ya nne akawa Mwandishi, maana alikuwa na miaka ishirini kazini bila doa.

Siwatu, kwa mujibu wa daraja lake la mshahara, alistahili kuwa Msomaji.

Lakini kabla hajashushwa kulikuwa na kazi moja ya mwisho. Wasimamizi Wakuu walikuwa hawaaminiani. Tayari mkuu wa mkoa mmoja alikuwa ameifuta picha ya mwenzake wa mkoa wa jirani, na mwenzake akalipiza kwa kumwandika kuwa ni marehemu, jambo lililomsumbua sana maskini yule kwenye vituo vya ukaguzi. Kwa hiyo Siwatu akaagizwa atengeneze kanuni ndani ya mfumo: badiliko lolote la Msimamizi Mkuu lisionekane mpaka theluthi mbili ya wenzake waliidhinishe, yaani watu mia moja arobaini na watatu. Akamwambia Mkurugenzi Nsemwa kwamba kanuni hiyo ingefanya tovuti isibadilike kabisa.

"Uthabiti ndio sifa ya dola," Nsemwa akamjibu. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa na watoto watano na alikuwa amebakiza miaka miwili astaafu.

Siwatu akaitengeneza kanuni, akaijaribu, ikafanya kazi vizuri. Alikuwa fundi, na fundi akipewa kazi huifanya vizuri hata kama haipendi. Kisha Nsemwa akasimama nyuma yake na waraka mkononi, akimsomea majina yaliyokuwa yamebaki, naye akawapandisha waliopanda na kuwashusha walioshuka, hadi likabaki jina moja.

"Sasa lako," Nsemwa akasema. "Ukishajishusha nijulishe, nisaini."

Siwatu akabonyeza. Vitufe vyote vilivyokuwa upande wa kushoto vikaondoka, skrini ikabaki nyeupe na neno moja juu: Karibu.

*

Chini ya Bwawa la Taifa kuna bonde linaloitwa Lukumbi. Ni bonde la mpunga. Kila mwaka milango ya bwawa hufunguliwa mara moja, maji yakateremka na kulifunika bonde kwa siku kadhaa, na ndiyo maana udongo wake una rutuba. Siku ya kufungua hutangazwa kwenye Tovuti ya Taifa miezi miwili kabla. Watu wa Lukumbi hupanga mavuno kwa tarehe hiyo: huhamia bondeni na vyungu na mikeka na watoto, hulala kwenye vibanda katikati ya mashamba ili kuwahi ndege alfajiri, na hupanda juu kijijini siku moja kabla ya maji. Mwaka huo tarehe ilikuwa ishirini na tisa. Siwatu aliiandika mwenyewe, wakati bado anaweza kuandika.

Jumanne tarehe kumi na nne asubuhi, simu ya ghorofa ya pili ikalia. Alikuwa Mhandisi Theonest, msimamizi wa bwawa.

"Dada Siwatu, huku juu imenyesha siku sita mfululizo. Maji yamebakiza mita moja na nusu kufika ukingoni. Ijumaa asubuhi nafungua. Nisipofungua, ukuta utajifungua wenyewe, na hapo usiulizie Lukumbi tu, ulizia na mji. Badilisha tarehe. Weka kumi na saba."

"Siwezi, Mhandisi. Mimi ni Msomaji."

"Msomaji wa nini?"

Akamweleza. Mhandisi akasikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Sasa mimi nimwambie nani?"

"Huna king'ora?"

"Kiliondolewa mwaka jana. Walisema kinatoa taarifa bila kupitia tovutini."

Siwatu akampigia Mtendaji wa Kata ya Lukumbi, mtu aliyeitwa Zakayo Mhando. Mtendaji huyo miaka miwili nyuma alipigiwa simu kutoka bwawani kwamba maji yangetangulia kwa siku moja, akawatoa watu bondeni, na maji yakatangulia kweli. Kwa kosa hilo alisimamishwa kazi miezi sita. Barua yake ilisema kwamba kuwa sahihi si utetezi.

"Mtendaji, naitwa Siwatu, napiga kutoka wizarani. Maji yatafunguliwa Ijumaa hii."

"Nina karatasi ya tovuti hapa ukutani, mama. Inasema tarehe ishirini na tisa."

"Najua. Niliiandika mimi."

"Basi iandike upya, nami nitaisoma."

"Kuna watu wangapi huko chini?"

"Karibu wote. Mpunga umeiva. Mke wangu yuko huko, na mama yake." Sauti yake haikuwa ya ukali, ilikuwa ya mtu aliyechoka. "Mama, usinipigie tena kwa jambo hili. Simu za ofisi zinasikilizwa. Ikionekana tovutini tu, dakika hiyo hiyo natoka na kipaza sauti. Hilo nakuahidi."

*

Siwatu akapanda ghorofani kwa Mkurugenzi. Nsemwa akamsikiliza, akavua miwani, akaifuta. Alielewa. Nataka hilo lijulikane, kwamba alielewa mara moja.

"Mimi ni Msimamizi Mkuu," akasema. "Nitaibadilisha mwenyewe."

Tatizo lilikuwa neno lake la siri. Kwa kuwa lilikuwa siri, lilikuwa limefungwa ndani ya bahasha yenye lakiri na kuhifadhiwa masijala, na bahasha ya siri haitolewi kwa mtu bila barua. Barua iliandikwa. Mkuu wa masijala akauliza inakuwaje Mkurugenzi aombe siri ambayo ni yake, kwani hakuwa anaijua? Iliandikwa barua ya pili, ya kufafanua ya kwanza. Bahasha ikapatikana Jumanne jioni, ikafunguliwa mbele ya mashahidi wawili. Ndani yake kulikuwa na neno "mkurugenzi".

Nsemwa akaingia kwenye mfumo kwa kidole kimoja. Siwatu akamwonyesha ukurasa. Akafuta ishirini na tisa, akaweka kumi na saba, akabonyeza kitufe cha kuhifadhi. Mfumo ukamjibu kwa adabu, kwa maneno ambayo Siwatu mwenyewe ndiye aliyeyatunga: *Badiliko lako limepokelewa. Linasubiri idhini ya Wasimamizi Wakuu 143. Walioidhinisha hadi sasa: 1.*

Jumatano yote, kuanzia saa moja asubuhi, Siwatu alizunguka mji na orodha mkononi.

Kwa Waziri wa Mifugo alikuta neno la siri limewekwa kwenye fremu ya dhahabu sebuleni, kati ya picha ya harusi na picha ya ng'ombe, lakini Waziri hakuwa amewahi kulitumia, akaogopa litaharibika. Jaji mmoja alisema hawezi kuidhinisha mpaka asikie pande zote mbili. Siwatu akamuuliza upande wa pili ni upi, Jaji akasema, "Maji." Brigedia mstaafu alimkaribisha vizuri sana, akavaa kofia yake ya kijeshi kwa ajili ya shughuli hiyo, kisha akabonyeza kitufe cha *Kataa*, kwa sababu kilikuwa chekundu na kilionekana kuwa na cheo zaidi. Alipoelezwa akasikitika, lakini akasema amri haitenguliwi. Katibu Mkuu wa Fedha angeidhinisha endapo Katibu Mkuu wa Mipango ameidhinisha, na wa Mipango alikuwa anamngoja wa Fedha. Wengi walisema wamesahau maneno yao ya siri. Mfumo uliwatumia mapya kwa barua pepe, na barua pepe zilikwenda kwenye anwani za idara zilizovunjwa miaka minne nyuma.

Mke wa Spika aliidhinisha palepale, bila kuuliza kitu. Alisema ana shangazi Lukumbi.

Alhamisi saa tatu na nusu asubuhi walioidhinisha walikuwa kumi na tisa. Siwatu akarudi kwenye chumba chake, akaketi, miguu inawaka. Akamwangalia Nsemwa aliyekuwa amesimama mlangoni.

"Bado mia moja ishirini na wanne," Siwatu akasema.

"Umejitahidi," Nsemwa akasema. "Andika taarifa ya juhudi zako. Niitilie saini."

Alipoondoka, Siwatu akafungua ukurasa mtupu aandike taarifa hiyo. Kisha akakumbuka jambo.

Mzee Songoro alipofariki, akaunti yake haikufutwa. Fomu ya kufuta akaunti inataka saini ya mwenye akaunti, na Siwatu alipokwenda kuuliza wakati ule, aliambiwa fomu itamsubiri mzee kwa muda wowote atakaohitaji. Na kwa kuwa hakuwa kwenye orodha ya itifaki, kanuni ya theluthi mbili haikumgusa. Marehemu Songoro ndiye aliyekuwa Msimamizi Mkuu wa mwisho katika nchi ile mwenye uwezo wa kufanya kitu. Neno lake la siri Siwatu alilijua. Mzee alimpa siku za mwisho hospitalini, kwenye kipande cha boksi la dawa, akamwambia, "Kuna siku nitakuwa sipo na kitu kimekwama."

Saa nne na dakika kumi asubuhi, Siwatu akaandika jina la marehemu, akaandika neno lake. Vitufe vyote vikarudi upande wa kushoto. Akabadilisha tarehe. Akaisoma sentensi mara mbili. Akachapisha.

*

Zakayo Mhando alitimiza ahadi yake. Alikuwa akiufungua ukurasa ule kila nusu saa tangu Jumanne, kwenye kompyuta ya ofisi ya kata. Alipoiona kumi na saba akaichapa kwenye karatasi, akaibandua ya zamani na kubandika mpya, akachukua kipaza sauti na baiskeli, akateremka bondeni.

Wengine walimcheka. Wengine walikasirika, kwa sababu mpunga ulikuwa bado umesimama na ndege walikuwa wengi. Lakini aliwaonyesha karatasi yenye nembo, na watu wakaanza kufunga mikeka. Kufika saa nane mchana njia ya kupanda kijijini ilikuwa imejaa watu na magunia na kuku. Mkewe, Melania, alipanda akiwa amemshika mama yake mkono. Zakayo akampigia Siwatu kwa hiari yake. Alisema neno moja tu, "Wanapanda."

Siwatu akalia kidogo, akanawa uso, akaendelea na kazi ya kusoma.

Sasa, kanuni ile nzuri aliyoitengeneza ilikuwa na kipengele kingine. Badiliko lolote likifanyika, Wasimamizi Wakuu wote walipata ujumbe wenye jina la aliyelifanya. Jina lililokwenda kwenye simu mia mbili na kumi na nne lilikuwa Songoro. Waziri Chambuso akaitisha kikao saa tisa alasiri, na Siwatu akaitwa kusimama pembeni, kama fundi.

"Nani ni Songoro?" Waziri akauliza.

"Ni marehemu, Mheshimiwa," Nsemwa akasema.

"Ana cheo gani?"

"Hana, Mheshimiwa. Alikuwa fundi."

Waziri akaweka kalamu chini. "Mimi nasubiri idhini ya watu mia moja arobaini na watatu kurekebisha koma kwenye hotuba yangu. Na maiti isiyo na cheo inaamka asubuhi na kubadilisha tarehe ya taifa."

"Mheshimiwa," Siwatu akasema, "ni mimi niliyeingia. Tarehe ni ya kweli. Mhandisi yuko kwenye simu, unaweza kumuuliza."

"Binti, hatujadili maji hapa. Tunajadili nani amebonyeza."

Ikapigwa kura ya kurudisha tarehe halali na kuifunga akaunti ya marehemu, safari hii bila saini yake. Watu ambao tangu Jumatano hawakukumbuka maneno yao ya siri waliyakumbuka. Waziri wa Mifugo aliivunja fremu. Mabalozi waliamshwa kwenye nchi za mbali. Ndani ya dakika arobaini walikuwa wameidhinisha mia moja sabini na tisa, idadi ambayo haijawahi kufikiwa kabla wala baada yake, na saa tisa na dakika arobaini na tano ukurasa ukasomeka tena tarehe ishirini na tisa. Chini yake iliongezwa sentensi: *Tarehe kumi na saba ni uvumi. Yeyote aliyehama bonde kwa sababu ya uvumi huo arejee mara moja, na viongozi wa eneo wahakikishe.*

Siwatu akampigia Zakayo kutoka kwenye ngazi. "Mtendaji, usiwarudishe. Nakuomba. Niamini."

"Asubuhi nilikuamini kwa sababu ilikuwa imeandikwa," Zakayo akasema. "Sasa imeandikwaje?"

Siwatu akaketi kwenye ngazi.

"Nisomee, mama. Wewe si Msomaji?"

Akamsomea.

Mhandisi Theonest alisubiri mpaka Ijumaa saa mbili asubuhi, kupita kiasi alichopaswa kusubiri. Aliwatuma walinzi wake wawili kwa pikipiki waende bondeni wakapige kelele, na walinzi wakakamatwa njiani kwenye kizuizi kwa kosa la kubeba uvumi. Ukuta ulipoanza kutoa maji kwenye nyufa, akafungua.

*

Walikufa watu sitini na watatu. Tume iliundwa, ikakaa miezi minne na kutoa ripoti nene. Ripoti ilisema tovuti ilikuwa sahihi muda wote, na kwamba maji yalikuja siku kumi na mbili kabla ya wakati wake. Mhandisi alihamishiwa kwenye bwawa lisilo na maji. Marehemu Songoro alipatikana na hatia ya kuingia kwenye mfumo bila ruhusa na akavuliwa tuzo ya utumishi bora aliyotunukiwa akiwa hai. Siwatu alikwenda mbele ya Tume mara mbili kukiri kwamba ni yeye. Mara ya kwanza walimsikiliza. Mara ya pili mwenyekiti alimweleza kwa upole kwamba ngazi ya Msomaji haina uwezo wa kuhariri, kwamba hilo linajulikana na limeandikwa, na kwamba akiendelea kudai amefanya lisilowezekana, yeye ndiye atakayekuwa anaeneza uvumi.

Nsemwa alistaafu kabla ya wakati. Kwenye sherehe yake alikunywa soda moja, hakutoa hotuba.

Zakayo Mhando alipewa barua ya pongezi, kwa kutekeleza maelekezo ya tovuti kwa haraka. Aliitwa makao makuu kuipokea. Baada ya hafla akaulizia ofisi ya fundi, akapanda ghorofa ya pili. Alikuwa mtu mrefu, mwembamba, koti limemzidi mabega. Siwatu hakuwahi kumwona, lakini alipofungua mdomo kusalimia aliijua sauti. Akasimama.

"Pole, Mtendaji."

"Nimekwishapoa." Akaketi kwenye kiti kilichokuwa cha Songoro. "Nimekuja kuona tu. Nasikia mnaweza kuona nani alifanya nini na saa ngapi."

Historia ya mabadiliko iko wazi hata kwa wasomaji. Siwatu akaifungua, akamgeuzia skrini. Zakayo akasoma polepole, midomo ikicheza. Saa nne na kumi, Songoro, kumi na saba. Saa tisa na arobaini na tano, Wasimamizi Wakuu, ishirini na tisa.

"Huyu Songoro ni wewe."

"Ni mimi."

"Nilidhani hivyo." Feni ilikuwa inazunguka. "Nilikwenda na kipaza sauti mara mbili siku ile. Mara ya kwanza niliwabembeleza sana. Mara ya pili walishuka haraka, maana walikuwa wanataka kurudi kwenye mpunga wao. Mama mkwe alibaki juu, miguu ilimgomea. Melania aliniuliza, una uhakika? Nikamwambia imeandikwa."

Siwatu akaigeuza skrini upande wake, akaifunga historia.

Akamsindikiza mpaka kituo cha mabasi. Walitembea, barua ya pongezi ikiwa kwapani mwa Zakayo ndani ya bahasha yake ya kahawia. Basi la Lukumbi lilikuwa limeshaanza kuunguruma. Akiwa na mguu mmoja kwenye ngazi ya basi, akageuka.

"Watu wameanza kurudi bondeni. Hawana pengine pa kulima. Mwakani watataka kujua tarehe."

"Ndiyo."

"Wataiona wapi?"

Siwatu akaangalia barabarani. "Hapo hapo, Mtendaji," akasema. "Hakuna pengine."

Zakayo akatikisa kichwa kuonyesha amesikia, akapanda, akatafuta kiti cha dirishani.